Hodi kwa Aliyejifungia

Stima ikizima Kibokoni usiku wa Machi, nyumba hujimwaga nje. Joto la mwisho wa kaskazi halimwachi mtu chumbani: wazee huvuta mikeka hadi barazani, watoto hukimbizana na tochi za simu, kina mama husimama madakani wakijipepea kwa ncha za leso. Usiku kama huo ndio wa kuhesabu vichwa. Katika nyumba zaidi ya moja kuna kijana aliyebaki ndani, gizani, jasho linamtiririka, chaji ya simu inakaribia kwisha, na hatoki. Mamake akiulizwa hujibu, "Amelala." Stima ilipozima wiki iliyopita pia alikuwa amelala.

Haya nayaandika kwa ajili ya mama huyo, na baba, ami, shangazi au dada mkubwa anayeishi na mtu wa namna hiyo. Simsemi mtoto mwenye haya, wala yule anayependa kitabu kuliko kelele. Namsema kijana ambaye kwa miezi hajavuka kizingiti, anayekula sahani ikiachwa mlangoni, anayekwenda chooni akishahakikisha ukumbini hakuna mtu, anayelala mchana na kuamka wenziwe wakizima taa.

Kwetu Mombasa shida huanza kwa kuwa tunamsifu. Mzazi wa kisiwani ana sababu za kuiogopa njia. Tangu miaka ya 1980 unga wa kulevya umekula vijana wa mitaa hii, na hakuna ukoo mkubwa Mji wa Kale usiokuwa na teja wake wa kumlilia. Kuna vijana wa visu, kuna misako ya polisi ambayo haimuulizi mtu alikuwa akielekea wapi. Kwa hiyo mama husema kwa fahari, "Wangu hajui maskani, yeye ni wa ndani." Na binti ndiye kabisa. Kutawa kulikuwa heshima ya mwanamke wa Kiswahili, na harufu ya heshima hiyo haijatoka majumbani mwetu. Msichana wa miaka 19 anaweza kujifungia mwaka mzima na majirani wakawapigia mfano mabinti zao: mwaona mwenzenu alivyotulia. Mimi siku hizi nikisikia binti amesifiwa kwa kutulia kupita kiasi, huuliza mara ya mwisho alicheka lini.

Basi usipime kwa saa anazokaa ndani. Pima kwa mambo ambayo mji huu haumruhusu mtu kuyakosa bila sababu. Kwa mvulana wa Kiislamu: Ijumaa, maziko na harusi. Aliyekosa Ijumaa tatu nne kisha akakosa maziko ya jirani aliyemlea, huyo ameondoka mjini ijapokuwa yuko chumba cha pili. Kwa msichana: kupamba, hina, kukaa matangani na wenziwe. Kipimo kingine ni kinyozi. Nywele hazidanganyi, ukiona zimefika mabegani na hakuwa mtu wa mtindo huo, hesabu miezi.

Wajapani wamelitazama jambo hili kwa muda mrefu kuliko wengine. Wanaliita hikikomori, neno ambalo daktari Saitō Tamaki alilitangaza kwa kitabu chake cha mwaka 1998, na serikali yao huanza kuhesabu mtu akishatimiza miezi 6 nyumbani bila shule, kazi wala watu wa nje. Uchunguzi wa Ofisi ya Baraza la Mawaziri uliotolewa 2023 ulikadiria watu milioni 1.46 wa umri wa miaka 15 hadi 64. Hesabu ya wakubwa ndiyo iliyonishtua: mwaka 2019 walikadiria watu 613,000 wenye umri wa miaka 40 hadi 64. Wapo kati yao wa namna hii: kijana alijifungia akiwa wa miaka 20, akasubiriwa abadilike mwenyewe, na sasa ana mvi, na anayempelekea sahani mlangoni ni mama wa miaka 80. Wazazi wanaosema "ni rika tu, litapita" waisome hesabu hiyo mara mbili.

Lakini tusijifanye kwamba kukaa ndani ni ugeni ulioletwa na meli. Waswahili tunajua sana kumweka mtu ndani. Mjane hukaa eda miezi minne na siku kumi. Aliyejifungua hukaa arubaini. Bi harusi ana fungate yake ya siku saba. Mwenye kuingia itikafu hujitenga msikitini siku kumi za mwisho za Ramadhani. Angalia vitu viwili vinavyokutana katika yote hayo: kila mmoja ana siku ya kutoka inayojulikana, na kila mmoja ana mtu wa kumhudumia, somo, mama, shoga au jirani, anayeingia na kutoka akimletea habari za nje. Kijana wako hana siku wala mhudumu. Siku huwezi kumpangia. Kuwa mhudumu wake unaweza, hata leo jioni.

Kabla ya hapo hakikisha hujaikosea hali yenyewe. Ikiwa anazungumza na watu wasioonekana, anaziba madirisha kwa kuwa anaamini anafuatwa, amekataa kula, anagawa vitu vyake alivyovipenda au anasema amechoka kuishi, hayo hayangoji mbinu za polepole. Hospitali ya Rufaa ya Pwani, iliyo karibu kabisa na sisi wa kisiwani, itakupokea, na Port Reitz ng'ambo ya bara ina kitengo cha afya ya akili ambacho watu wa pwani wamekitegemea kwa miaka. Msalaba Mwekundu wa Kenya wana simu ya bure ya ushauri, 1199. Na muulize waziwazi: "Mwanangu, unafikiria kujiua?" Swali hilo halimtii mtu wazo ambalo hakuwa nalo, aliyekuwa nalo humpunguzia uzito. Wazazi wengi walikuwa wakilificha jambo hili kwa kuogopa polisi, maana kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu kilifanya kujaribu kujiua kuwa kosa la jinai. Januari 2025 Mahakama Kuu ilitamka kwamba kifungu hicho kinakwenda kinyume na Katiba. Usichelewe kumfikisha hospitali kwa hofu hiyo.

Chunguza pia muguka, unga na kamari. Mei 2024 kaunti ilipopiga marufuku muguka, kisha mahakama ikaisimamisha marufuku hiyo, mji mzima ulibishana juu ya maduka na ushuru; machache yalisemwa juu ya anayetafuna peke yake chumbani hadi alfajiri. Mtu anayetafuna usiku kucha halali, na asiyelala vizuri wiki tatu atajitenga tu. NACADA wana namba yao, 1192. Kamari ya simu ni vigumu zaidi kuiona kwa sababu haina harufu. Dalili yake ni fedha za M-Pesa zinazopotea kidogokidogo, na kijana anayekukasirikia ukishika simu yake.

Ikishakuwa wazi kwamba hakuna hatari ya haraka, anza na ulimi wako. Nyuma ya mlango uliofungwa mara nyingi pana aibu. Kwa mmoja ni matokeo ya KCSE, alitarajiwa B akaleta D. Kwa mwingine ni safari ya Ghuba: alisomewa dua, akapikiwa biriani, akasindikizwa na magari mawili hadi uwanja wa ndege wa Moi, na baada ya miezi minane akarudi mikono mitupu kwa kuwa wakala alimdanganya kuhusu kazi. Mwingine posa yake ilirudishwa. Mtu wa hivyo hakuona pa kupita kwenye vichochoro vyetu ambavyo watu wawili wakipishana lazima waulizane hali. Sasa fikiria anachosikia akiwa ndani: "Wenzio washaoa." "Fulani kampelekea mamake fedha kutoka Doha." "Umekuwa popo." Kila neno kama hilo ni komeo jipya. Nyamaza nayo siku 40, arubaini yako wewe, na uwaambie wote wa nyumbani wanyamaze. Baba akishindwa, afadhali akaseme barazani, mbali.

Kisha jifunze upya kupiga hodi.

Tulifundishwa chuoni: hodi mara tatu, usipojibiwa rudi. Sheria hiyo tunaitumia kwa wageni, kwa watoto wetu tunaingia tu kama mlango ni wetu. Chagua saa moja, ile ile kila siku. Baada ya Isha hufaa kwa kuwa yeye ndiyo kwanza ameamka. Piga hodi mara tatu, mtaje kwa jina alilopewa na bibi yake kama lipo. Asipojibu sema, "Haya, chai iko hapa," uiache, uondoke. Kesho tena. Usisimame kusikiliza, usichungulie tundu la ufunguo, atajua. Baada ya wiki mbili tatu weka kigoda nje ya mlango, ukae dakika kumi na chai yako mwenyewe. Zungumza mambo yako: bei ya nazi, bomba lisilotoa maji tangu Jumanne, paka wa jirani aliyezaa kwenye kabati la nguo. Usimuulize swali lolote. Swali kwake ni hesabu anayodaiwa. Siku moja atasema kitu kuhusu paka. Hapo usiite nyumba nzima ije imsikie. Mjibu kuhusu paka.

Kuna wanaonishauri mlango ung'olewe, au wifi ikatwe. Mlango ukiung'oa umemwondolea kitu cha mwisho anachokimiliki, na atahamia ndani ya shuka. Ama wifi, huenda ndiyo kamba pekee inayomuunganisha na watu. Kijana anayecheza mchezo wa simu na mwenzake wa Kisauni au wa Muscat bado ana mtu wa kumwambia "kesho". Ikiwa simu inamharibia usingizi, zungumzeni saa, na wewe zima yako pia. Kule Japani walizuka watu waliolipwa na wazazi kuwavuta watoto nje kwa nguvu, na baadhi yao waliishia kushtakiwa na vijana hao hao. Huku kwetu nguvu ina sura nyingine: binamu wanne walioitwa wambebe, au nyumba za kurekebisha tabia ambako mtu hutiwa mnyororo. Popote utakapoona mnyororo au bakora, mchukue mwanao urudi naye.

Sasa nyumba yenyewe. Waliojenga Mji wa Kale walikuwa na akili ya kumtoa mtu nje kwa hatua. Kuna chumba cha ndani, kuna ukumbi, kuna daka ambalo si ndani wala si nje, kuna baraza ambalo ni la nyumba na ni la njia pia. Hatua hizo ndizo ngazi yako. Usimwambie "toka nje". Nje ni mbali mno. Lenga ukumbi kwanza, na ufanye ukumbi uwe mahali ambapo hakuna mtu wa kumshangaa: weka feni pale, sogeza jagi la maji baridi pale, kula chako ukimpa mgongo. Akizoea ukumbi, lenga daka, usiku. Wanaokaa kwenye maghorofa mapya ya Tudor na Ganjoni hawana daka, nawaonea huruma. Ngazi za jengo na paa la kuanikia nguo ndivyo vitakavyowafaa. Paani saa tano usiku kuna upepo, kuna giza, na hakuna wa kumuuliza mtu amepotelea wapi.

Stima ikizima, usiikose nafasi hiyo. Gizani watu wote ni sawa, hakuna anayeona nywele wala uso. Mwambie tu, "Huku nje kuna upepo, njoo ukipenda." Mara ya kwanza hatakuja. Mara ya tano huenda akasimama nyuma ya mlango wa njia, na hiyo ni safari ndefu kuliko ya Nairobi.

Ramadhani nayo ni mlango mkubwa. Kwa mwezi mzima mji hugeuza saa zake, usiku huwa mchana, viazi karai na kaimati huuzwa hadi usiku mwingi, na anayelala asubuhi haonekani mgonjwa. Kijana aliyekuwa ameachana na saa za watu ghafla anajikuta amelingana nao. Mwamshe daku mle pamoja hata kama hamzungumzi. Mpe sahani ya futari aipeleke nyumba ya pili, abishe, aitoe, arudi. Jihadhari na siku za baada ya Idi: mji hurudi mchana na yeye hubaki usiku. Ndipo wengi hufungwa tena, na kwa ukali. Wiki hiyo ya kwanza ya Mfungo Mosi mpangie jambo dogo la saa kumi na mbili asubuhi, kabla joto na macho ya watu hayajaamka.

Jambo hilo liwe kazi, lisiwe matembezi. Mtu mwenye aibu akiambiwa "twende tukatembee" huona anachukuliwa kama mgonjwa. Akiambiwa "nisaidie mtungi huu, mkokoteni wa maji uko nje na mgongo wauma," ana sababu. Kulisha paka wa njia ni kazi nzuri kuliko inavyosikika. Mji wa Kale una paka wa kutosha, na paka hamuulizi mtu kwa nini hajaoa. Kumtengenezea bibi simu, kununua mahamri na mbaazi kwa mama aliye pembeni asubuhi mapema, kupokea samaki kutoka kwa mvuvi. Baadaye, kama ni mtu wa kompyuta au wa kuchora, kuna Swahilipot karibu na Fort Jesus ambako vijana hujifunza teknolojia na sanaa. Kuna ufukwe wa Mama Ngina alfajiri, watu wakikimbia na vipokea sauti masikioni bila kumtazama mtu. Feri ya Likoni iache mwisho. Pale hata mimi hukosa pumzi.

Tafuta pia mtu wa tatu, mmoja tu. Mjomba asiye na kelele, au mwenziwe wa darasani ambaye naye mambo hayakumnyookea. Aliyefanikiwa sana atamuumiza kwa kuja tu. Mwambie aje kwa jambo lake mwenyewe, asiseme ametumwa. Usikusanye ukoo. Kikao cha wazee saba kumshauri kijana mmoja ni kesi, na yeye anajua nani mshtakiwa.

Watu watakuambia ni jini au kijicho. Sitaki kugombana na mtu juu ya hilo. Kisomo kimewatuliza watu wengi, na sheikh mwenye hekima akikaa na kijana, akamsomea kwa sauti ya chini na kumsikiliza, amefanya kazi ambayo wengi hawaiwezi. Masharti yangu ni mawili. Kisomo na hospitali viende pamoja, kimoja kisimzuie mtu kufika kwenye kingine, kwa sababu sonona ni ugonjwa na una dawa. Na anayetaka kumtoa jini kwa kipigo, au anayedai kafara ya maelfu kila Alhamisi, msindikize hadi mlango wa njia. Kama kijana hataki kwenda hospitali, nenda wewe peke yako. Huko Fukuoka, madaktari wa Chuo Kikuu cha Kyushu wamekuwa wakiwafundisha wazazi namna ya kusema na kutosema, mtoto akiwa bado chumbani. Mshauri mzuri wa hapa atakupokea vivyo hivyo.

Na wewe mama, uko wapi? Naona mtoto akishajifungia miezi kadhaa, mamake naye huacha harusi. Huogopa kuulizwa, hutoa udhuru wa miguu, mwishowe nyumba ina watu wawili waliotawa na mlango mmoja. Nenda kwenye kupamba. Vaa, jitie udi, nenda. Akuulizaye mwambie, "Hajambo, yuko nyumbani, anawasalimu," ufunge mazungumzo hapo. Si uongo na si siri ya kumwagwa. Ukirudi, keti kwenye kigoda chako nje ya mlango ule, umsimulie bi harusi alivaa nini na nani aligombea pilau.

Atarudi nyuma, hilo litegemee. Wiki mbili barazani, kisha jirani mmoja atatupa neno, na mlango utafungwa mwezi. Usianze upya kwa hasira. Rudi kwenye hodi tatu na saa ile ile.

Nanyi mnaokaa mabarazani, yupo atakayewatokea usiku mmoja, mweupe wa kukosa jua, kanzu imemning'inia. Msimlaki kwa "Adimu wewe! Ulipotelea wapi?" Msimsifu kwamba amependeza. Msisimame wote. Msalimieni kama mlivyomsalimia aliyetangulia, asogezewe nafasi ukutani ambako mgongo wake utakuwa salama, mwenye dele ammiminie kahawa. Akinyanyuka baada ya dakika tano kikombe kikiwa nusu, semeni, "Haya, inshallah," na mwenye zamu apige keram.